Baiskeli ya Ilias Kwenye Televizio

Buyenzi hii ya Bujumbura, ukitaka ubishi usio na faida, njoo kwenye benchi la kahawa la Mama Ilias, mbele ya gereji. Jina lake ni Sikuzani, lakini nani anamwita hivyo? Mwanawe Ilias alipanda basi la Kayanza mwanzoni mwa vita, basi halikufika, na hata maiti mama hakuletewa. Alichobakiza ni katuni aliyoichora kwenye kompyuta ya kazini: yeye mwenyewe juu ya baiskeli, anatokea mwisho wa barabara, anafika mlangoni, anapunga mkono, kisha anatokea tena mwisho wa barabara. Kompyuta inayoweza kuifungua imebaki moja tu, kwa Adolphe aliyefanya kazi naye, nayo inakohoa kama mgonjwa wa kifua. Sikuzani anataka amwone mtoto nyumbani, kwenye televizio, kabla kompyuta haijakata roho. Basi mpiga picha mmoja akaelekeza kamera yake kwenye kioo cha kompyuta, akaleta kaseti. Masikini! Mistari myeusi inapanda na kushuka juu ya uso wa Ilias, kidevu hakionekani kabisa.

— Ile faili ni ya zamani, televizio ni mupya, alisema Hamimu, fundi waliyembatiza Diferansiel, maana kila ugonjwa wa gari kwake ni diferansiel. — We unaweza kufunga gia ya Peugeot kwenye Toyota? Itasaga!

— Apana, apana! alidakia Sulemani, anayeitwa Avoka, yaani wakili, ingawa mahakamani alifika mara moja tu, tena kama mshtakiwa. — Tatizo ni mwendo. Katuni iko na michoro michache, televizio inataka mingi. Zile nafasi tupu inajaza na watu wake.

— Watu gani? aliuliza Diferansiel.

— Wa Kigoma! Mawimbi ya televizio yao si yanavuka ziwa? Wahenga walisema, mgeni njoo mwenyeji apone.

— Sasa hiyo imeingiaje hapa?

— Mgeni ameingia kwenye picha. Mwenyeji amepona? Hajapona!

Sikuzani alimimina kahawa bila kucheka. Jana alisogea mpaka pua ikagusa televizio, akikitafuta kile kidevu. Roho ilimuuma sana. Kumkosa mtoto barabarani, halafu umkose hata kwenye picha!

— Mi najua sababu, Diferansiel alisema kwa sauti ya chini. — Mutoto aliichora wakati wa couvre-feu, ile marufuku ya kutoka usiku. Picha imezoea kufungiwa ndani. Ukiitoa nje inaogopa wanajeshi, inajifunika uso!

— Walahi, leo umenena! alisema Avoka. Mficha uchi hazai.

— Nyamazeni! Sikuzani alifoka. — Mi nataka uso wake tu.

Hapo ndipo Christa alipotoka gerejini. Ni mwanamke wa mtaa wa Kibenga, kazi yake kutengeneza video, na alikuwa amefuata gari lake. Alisikia kelele, akauliza kuna nini, na Sikuzani akamweleza yote, kuanzia baiskeli mpaka kaseti.

— Kumbe mlipiga picha kioo, Christa alisema. — Kioo cha kompyuta kinawaka na kuzimika upesi, mama, macho yetu hayaoni lakini kamera inaona. Ndiyo hiyo mistari. Mi nitaingia ndani ya faili, nitoe mchoro mmoja mmoja, niupange kwenye video bila kuubana. Atabaki vile alivyojichora.

— Na kidevu?

— Na kidevu, mama.

Sikuzani alikaa benchini, yeye ambaye siku zote huwauzia wengine amesimama. Akajifuta macho kwa ncha ya kitenge.

— Ila niambie kitu kimoja, mama, Christa alisema. — Kwenye kompyuta anarudia tu, hana mwisho. Video lazima iishe. Unataka afike nyumbani mara ngapi?

— Weka... alianza Avoka, lakini Sikuzani alimzuia kwa mkono.

Sikuzani alitaka kusema: mara moja tu. Kufika mara moja kwa kweli kungemtosha maisha. Lakini kwenye picha, mama atawezaje kutaja mara ya mwisho? Alishika birika, akamsogezea mgeni kikombe.

— Kunywa kwanza, mwanangu, alisema. — Kahawa bado iko.