Mkaguzi wa Mizani Aliyepandishwa Cheo Ili Aondoke

Wasikilizaji wapendwa, karibuni tuketi pamoja. Leo tunamkumbuka mkaguzi wa mizani wa serikali, mama aliyezikwa juzi. Madukani walimwita Mama Ratili, kwa kile kipimo cha zamani cha uzito. Akiingia na sanduku lake la mawe ya kupimia ya shaba, wauza sukari walikumbuka ghafla kupangusa mizani zao.

Mkuu wake wa kazi alimtaka apitishe mizani mbovu ya mfanyabiashara rafiki yake. Alikataa. Wiki haikuisha, akapandishwa cheo na kuhamishiwa kituo cha mpakani. Nasema tena, wapendwa: alipandishwa cheo ili aondoke. Kituo kile hakikuwa na duka hata moja.

"Hongera, dada," mkuu alimwambia, akimpa mkono.

"Nikapime nini huko, bosi? Upepo?"

"Cheo ni cheo. Wenzako wanakililia."

Nyumbani alikuwa na mume mgonjwa wa figo, aliyekuwa akisafishwa damu hospitalini kila wiki. Mpakani hapakuwa na hospitali. Akafungua kesi. Mahakama haikuusimamisha uhamisho, ikambidi aripoti huku kesi ikiendelea. Mume akafia mikononi mwa shemeji yake, mkewe akiwa bado njiani kurudi.

Baadaye jaji alitamka kwamba cheo hakiwezi kutolewa kama adhabu, na kwamba mtumishi hahamishwi kabla ya kusikilizwa kuhusu hali ya nyumbani kwake. Mama Ratili alishinda. Alishinda akiwa mjane.

Mdogo wake anasimulia: "Dada hakutoa chozi mahakamani. Aliniambia tu, 'Bosi huyu nitamrudishia kwa mkono uleule.'"

Miaka ikapita, akawa mkurugenzi wa utumishi. Mkuu yule sasa alikuwa chini yake, naye alikuwa na mke mgonjwa asiyeinuka kitandani. Mama Ratili akampandisha cheo. Kituo: mpakani. Hakumwuliza neno.

Bwana yule akakimbilia mahakamani. Wakili wake akasimama, akasoma hukumu ya zamani, polepole, neno kwa neno. Ilikuwa hukumu ya Mama Ratili mwenyewe. Uhamisho ukafutwa.

"Dada, umemchimbia adui yako kisima," mdogo wake alimtania ukumbini.

"Mwache anywe. Sheria niliipigania mwenyewe, siwezi kuikana. Ila katika hukumu ile, msamaha haumo."

Juzi mzee yule alifika makaburini, kofia mkononi. Binti wa marehemu alimkuta langoni.

"Shikamoo, mzee. Mama aliacha neno. Mahakama ilikurudishia ofisi yako. Kaburini kwake usifike."

Mzee akavaa kofia, akaenda zake.

Kwa binti huyo, kwa mdogo wa marehemu na kwa ukoo mzima, poleni sana kwa msiba. Nanyi mnaotia sahihi uhamisho wa watu, kabla ya kumpa mtu mkono wa hongera, mwulizeni ni nani anayemngoja nyumbani. Mkiona kuuliza ni usumbufu, basi msishangae siku mtakapozuiwa kwenye lango la makaburi.