Anselme Guéraud na Filamu ya Saba

Ndugu, jamaa na majirani mliofika hapa Fécamp, familia imeniomba niwasomee maisha ya mpendwa wetu Anselme Guéraud.

Marehemu alizaliwa hapahapa tarehe 9 Machi 1938, mtoto wa pekee wa fundi mapipa na mama aliyeuza maua kwenye lango la makaburi, akakulia katikati ya misalaba bila woga wowote. Alisoma shule ya msingi hapa mjini, kisha ufundi wa picha Rouen, akahitimu Juni 1956, akaajiriwa Paris kukata na kuunganisha filamu, na huko akamkuta Ghislaine kwenye meza ya pili, wakafunga ndoa tarehe 14 Septemba 1963, wakajaliwa binti mmoja, Maëlle.

Kati ya mwaka 1967 na 1981 alitengeneza filamu saba za wanyonya damu, lakini wanyonya damu wake walikuwa wanawake wapweke, waliotembea ufukweni wakikariri mashairi, wakiomba ruhusa kabla ya kuuma. Siku filamu ya kwanza ilipoonyeshwa, mtazamaji mmoja alisimama akafoka, "Bwana we, damu iko wapi? Tumelipia damu!" naye Anselme akamjibu, "Subiri, kwanza anaomba ruhusa." Hakupata tuzo hata moja, akaishia kupiga picha za harusi hadi alipostaafu.

Mwaka 2009 makopo ya filamu yaliyokuwa ghalani kwao yalianza kunuka siki, na filamu ikinuka siki ndiyo inakufa, haina dawa. Ya saba ilikuwa na nakala moja tu duniani, Ghislaine akaandika barua kila mahali akiomba inakiliwe upya, akajibiwa kwa heshima kwamba kuna foleni. Februari 2013 marehemu alipofuka, ikawa kila alasiri mkewe anamwashia projekta na kumsimulia kinachopita ukutani, hadi tarehe 3 Mei, mkanda wa filamu ya saba ulipomkatikia mikononi vipande vipande.

"Mbona kimya? Yule mwanamke amefika wapi?" akauliza Anselme.

"Yuko ufukweni," akasema Ghislaine, akaendelea kusimulia ukuta mtupu, siku ile na zilizofuata.

"Mama, mwambie ukweli," Maëlle alimsihi.

"Nimwambie nini, mwanangu? Wewe ungemwambia nini?"

Agosti figo zake zilishindwa kufanya kazi, na tarehe 21 Oktoba 2013, saa tatu asubuhi, Anselme alifariki huku mkewe, kando ya kitanda, akiwa bado anamsimulia filamu ile, hajafika mwisho.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, majirani walioleta supu bila kuombwa, na wenzake wa kazi waliotoka Paris.

Anselme wetu, upumzike kwa amani.