Kiota cha Juu ya Mlango: Maisha ya Mzee Eliezeri Kabera, 1949–2015

Mzee Eliezeri Kabera alizaliwa tarehe 9 Juni 1949 huko Bijombo, milimani Uvira, Kivu ya Kusini. Alikuwa mtoto wa tatu wa Muhire, mfugaji wa ng'ombe na nyuki.

Alisoma shule ya misheni hadi darasa la sita, mwaka 1963. Akaachishwa ili achunge, lakini kalamu hakuiweka chini. Hapa kambini Nakivale pekee aliandika daftarini aina ishirini na tatu za nyuki na nyigu: wa asali, wadogo wasiouma, weusi watoboao mbao, wajengao kwa udongo. Sisi wengine tulijua aina mbili tu: wanaouma na wanaouma zaidi.

Tarehe 17 Agosti 1974 alimwoa Nyirabizimana. Vita viliwang'oa mwaka 1998, na Machi 2004 wakapokelewa kama wakimbizi hapa kambini, kituoni Kabazana, kisha wakapewa kiwanja. Marehemu alifuga mizinga kumi na moja, na asali yake ilifika hadi mji wa Rwekubo.

Mwaka 2006 alichaguliwa mzee wa kanisa. Nyigu walikuwa na kiota juu ya mlango wa kanisa, naye wakati wa ibada aliwahesabu wakileta viwavi kutoka mashambani. "Mahubiri ya leo ilikuwa ya viwavi kumi na saba," alimwambia mkewe, na mama akacheka hadi akashika ukuta.

Sasa lisemwe lililofichwa. Kabla ya Pasaka ya 2009 kamati ya usafi ilileta ngazi na mwenge. "Munaunguza baaskari benu!" aliwaambia. "Nani atakula bile bidudu mu maharagi?" Wakamjibu, "Mzee, nyumba ya Mungu haiko fasi ya bidudu."

Kiota kikaunguzwa, na viwavi wakala maharage. Watu wakakimbilia dawa mjini Mbarara, wakaipuliza saa sita mchana, maua yamefunguka. Aliwasihi wangoje jioni, nyuki warudi kwanza. Hawakumsikia, na mizinga tisa ikanyamaza. Aliposema mkutanoni alivuliwa uzee wa kanisa, eti anapenda wadudu kuliko ndugu. Huo ulikuwa uonevu. Miaka sita hakuna aliyekwenda kumwomba radhi, ingawa njia waliijua: kila mtoto alipokohoa walikwenda kuomba asali, naye aliwapa. Nyigu waliporudi na maharage yakapona, watu walisifu mvua.

Moyo wake ulianza kudhoofika Novemba 2014. Alitibiwa Mbarara, akafariki huko tarehe 3 Septemba 2015, saa nne asubuhi. Neno lake la mwisho kwa binti yake Kankindi lilikuwa swali: "Bado biko pale juu ya mulango?"

Wapo. Lakini jana, kanisa likiandaliwa kwa mazishi haya, ngazi ile ilitolewa tena. Kankindi alisimama mlangoni mpaka ikarudishwa.

Marehemu ameacha mjane, Nyirabizimana, watoto Kankindi, Munezero, Musoni na Mukamana, wajukuu tisa, mizinga sita na daftari moja. Familia haiombi hotuba za kumsifu. Inaomba ngazi ile ipasuliwe kuni.

Mzee wetu apumzike kwa amani, na kiota kisiguswe.