Kikohozi Changu na Daktari wa Kura

Ndugu zangu wa chama, kwanza mnijue: mimi ni mtu wa kushuku. Hata leo nilipoingia kwenye mkutano huu, mtaani Bani Malik, nilitazama nani kakaa karibu na mlango.

Nafanya kazi kule Aziziya, nyumba yenye mabafu matano. Mwaka jana nilishikwa na kikohozi, nikawa nalala nimekaa. Madam akiuliza, nasema ni vumbi. Niliogopa, jamani. Wakisikia naumwa kifua, halas, basi, ni tiketi ya nyumbani, na watoto wangu bado wanasoma.

Basi tukasikia mheshimiwa fulani kutoka kwetu, zamani daktari, sasa mbunge, anakuja Riyadh, mbali na huku kwetu, kuzungumza na wafanyakazi kuhusu shida zetu. Nikacheka. Aliyeacha wagonjwa akafuata kura anatafuta nini kwangu? Lakini rafiki yangu anayesafisha ofisi hukohuko Riyadh, mtaa wa Olaya, alikwenda. Akanipigia, akaweka simu kwenye kipaza sauti niulize swali langu la mkataba. Katikati ya swali kikohozi kikanikaba.

Yule bwana akasema, "Dada, la mkataba nitalijibu. Kwanza niambie, unaosha bafu kwa dawa gani?"

Nikakata simu. Amejuaje mambo ya bafu? Nikasema madam amempelekea habari, ama rafiki yangu ameniuza. Siku mbili sikupokea simu yake.

Ya tatu rafiki yangu akanitumia ujumbe wa sauti: "Wewe mwanamke, wacha wazimu. Yule daktari amesema alipokuwa hospitali aliwatibu wasafishaji wengi wa kikohozi kama hicho. Angalia siku huoshi bafu, kama unakohoa."

Sikumwamini. Niliangalia ili nimkamate na uongo wake. Ijumaa familia ikaenda kwa bibi yao, sikuosha. Kufika jioni, sijakohoa tangu adhuhuri. Jumamosi nikachanganya klorini na asidi ya choo kwenye ndoo moja, kama nilivyozoea, ing'arishe haraka. Bafu la pili sikulimaliza, nimeshika ukuta, machozi yanatiririka. Nilikuwa nikimtafuta adui nyumba nzima, kumbe sumu naikoroga mwenyewe kila asubuhi.

Nikamwambia madam yote. Alinitazama, nami nikingoja neno tiketi. Akasema, "Yalla, twende, vaa abaya," akanipeleka kliniki. Asidi haijaingia tena nyumba ile.

Kwa hivyo namshukuru madam. Na rafiki yangu wa Olaya, niliyemwita msaliti, nilishamwomba msamaha, na leo namwomba tena mbele yenu. Kushuku sikatazi, huku ugenini kumetuokoa wengi. Lakini ukimshuku mtu, mjibu swali lake kwanza, halafu endelea kumshuku.

Na mheshimiwa? Jibu la mkataba sikulisikia, nilikata simu mwenyewe. Kura yangu bado naifikiria. Ila nimesimama hapa nikiongea muda wote huu, na hakuna aliyenisikia nikikohoa.