Nimekuona Wapi?

Haya, tegueni kitendawili hiki: nani huyo hufa kila mwaka, kisha hupanda basi akale chakula chake nyumbani?

Ni Emrys Bevan, anayeigiza maiti kwenye tamthilia za upelelezi. Miaka thelathini kazini, hajatambuliwa na mtu hata mmoja. Leo, kwenye basi la mjini Cardiff, bibi mmoja mwenye kikapu mapajani alimgeukia.

"Wewe nakujua. Si wewe uliyenitengenezea bomba la jikoni?"

"Hapana, bibi."

"Basi unauza kwenye duka la dawa."

"Wala siuzi."

Emrys alitamani sana kutambuliwa. Lakini kujitaja hakuthubutu. Kwao mwigizaji anayejitangaza kwenye basi huonekana hana haya.

"Nimekuona wapi, basi? Nashuka hapo mbele, usinikoseshe usingizi."

Emrys akaegemeza kichwa dirishani, akalegeza taya, akakodoa macho bila kupepesa. Abiria wa nyuma akasogea kando kidogo.

Basi likasimama. Bibi akainuka na kikapu chake, akamchungulia vizuri, uso ukamchanua.

"Kwenye televisheni, Jumapili. Walikuopoa mtoni," akasema. "Ulikufa vizuri sana, mwanangu."