Maisha ya Mwalimu Bandela Krupavaram, Aliyepita Nyumba kwa Nyumba Akikiombea Kitelugu Watoto

Ndugu, jamaa, wanafunzi wake wa zamani na majirani mliofika kumsindikiza: familia imenipa karatasi hii niisome bila kulia na bila kugombana na mtu. Mimi ni Suvarta, dada yake mdogo, na mdomo wangu mnaujua. Nitajitahidi.

Mwalimu Krupavaram alizaliwa tarehe 3 Machi 1948 katika kijiji cha Chinnakunta, karibu na mji wa Hosur, akiwa mtoto wa kwanza wa marehemu mzee Yohanu na marehemu mama Santoshamma, wakulima wa ulezi. Alikuwa na miaka minane majimbo ya India yalipogawanywa upya kwa kufuata lugha za watu. Wasemaji wa Kitelugu wakapata jimbo lao, lakini kijiji chetu, ambako hata mbuzi tuliwafukuza shambani kwa Kitelugu, kikabaki upande wa Kitamili. Baba alikuwa akisema, “Mstari umepita kule, sisi tumesahauliwa huku,” kisha anacheka sana. Marehemu hakuwahi kulicheka jambo hilo.

Alianza shule mwaka 1954 katika mkondo wa Kitelugu, ambako masomo yote yalifundishwa kwa lugha yetu, kwenye shule ya serikali mjini, na mwaka 1968 akavuka mpaka kwenda chuo cha ualimu Chittoor, upande wa Kitelugu. Alidhani anakwenda kwao. Wenzake bwenini wakamcheka lafudhi mpaka akakonda.

“We Mtamili, hebu omba tena maji! Unaomba kama unabembeleza ng’ombe!”

“Basi ng’ombe ameshakunywa,” akawajibu, “wewe ndiye bado una kiu.”

Walimpenda kuanzia siku hiyo, ila jina la Mtamili halikumtoka. Alirudi nyumbani mwaka 1970 akaniambia kwamba kule ni mgeni na huku ni mgeni, kwa hiyo afadhali awe mgeni karibu na mama.

Mwaka 1971 aliajiriwa katika mkondo uleule aliosomea, akafundisha hapo hadi alipostaafu mwaka 2006. Jioni za sikukuu alialikwa kwenye yale mashindano yetu ya washairi, ambapo mshairi mmoja huketi jukwaani akitunga beti kichwani, huku watu wanane wamemzunguka kila mmoja na mtihani wake, na mmoja wao kazi yake ni kumvuruga tu. Mvurugaji alikuwa kaka yangu. Watu walivuka mpaka kutoka Kuppam kuja kumsikia. Siku moja mshairi mkubwa akiwa katikati ya ubeti mgumu, marehemu akamkatiza: “Mheshimiwa, mke wangu amenituma chumvi, nami nimekuja kukaa hapa. Akitokea na mwiko, nijifiche nyuma yako au nyuma ya shairi lako?” Mshairi akajibu bila kupepesa macho, “Nyuma ya shairi. Nyuma yangu hakufai, na mimi nimetumwa sukari.” Uwanja mzima ulilala kwa kicheko. Na mkewe mwenyewe, Dayamani, kumbe alikuwa amekaa mstari wa tatu.

Dayamani, binti wa mchungaji kutoka Kuppam na muuguzi kwa kazi, aliolewa naye tarehe 20 Mei 1976. Walijaliwa mtoto mmoja, Anand Paul. Nyumba yao haikukosa ugali wa ulezi, mchuzi wa dengu wenye pilipili, na mtoto wa mtu aliyekuja kusomeshwa bure.

Sasa niseme lililomla moyo. Kila mwezi wa Juni, kabla shule hazijafunguliwa, marehemu alivaa shati jeupe akapita nyumba kwa nyumba kuomba watoto wa darasa la kwanza. Mwanzoni alirudi na watoto hadi wa kuwarudisha. Baadaye sheria ya jimbo ikataka kila mwanafunzi asome Kitamili, na Kiingereza nacho kikaja na mabasi yake ya njano hadi mlangoni. Akawa anarudi na chai tumboni tu.

“Mwalimu, karibu, keti,” walimwambia. “Kitelugu si tunakiongea bure humu ndani? Shule tunataka kile tusichonacho.”

“Mama yangu, cha bure ndicho kinachopotea bila mtu kukitafuta.”

“Haya, kunywa chai, Mwalimu.”

Hata alipostaafu aliendelea kupita. Juni 2013 wakubwa wa elimu walisema mkondo ukipata mtoto mmoja zaidi, utafunguliwa mwaka mwingine. Mtoto mmoja tu. Na mjukuu wake Shaila alikuwa na miaka sita, tayari ameshonewa sare za shule ya Kiingereza. Nilikuwepo barazani akimwomba mwanawe.

“Anand, nipe huyu.”

“Baba, nipe sababu moja itakayompatia kazi huko mbele, nami namleta kesho asubuhi.”

“Sababu ni mimi.”

“Baba, wewe nakuheshimu. Lakini wewe si kazi.”

Anand, usiinamishe kichwa. Nimepewa nisome, nasoma. Hukumtukana, na mzazi yeyote hapa angeweza kusema vilevile. Wengi walisema. Mkondo ulifungwa mwezi uleule. Kisha kaka yangu akafanya jambo ambalo mimi nisingeliweza: akaanza kuzungumza na Shaila kwa Kitamili, kwa sababu ndicho mtoto alichocheza nacho mtaani, na hata kwao Anand na mkewe walimsemesha hicho. Alimsimulia hadithi zote za mama yetu kwa Kitamili. Nilimwuliza, “Kaka, ndiyo umekubali?” Akasema, “Suvarta, nikisubiri ajifunze, atakua bila babu.” Wakapendana sana hao wawili, hadi Dayamani akawa na wivu.

Tarehe 11 Februari mwaka huu, 2025, Mwalimu alipatwa na kiharusi. Kilimpooza upande wa kulia, kikamnyang’anya Kitamili na Kiingereza chote. Daktari alisema hutokea, kwamba lugha ya kwanza huwa ya mwisho kuondoka. Kitelugu kilibaki, taratibu lakini safi, na hata utani wake. Basi Shaila akawa hawezi kuzungumza na babu yake. Kila alipotaka kumwuliza jambo alinifuata jikoni: “Bibi, njoo uniambie anasemaje.” Mimi ndiye niliyewatafsiria, na siku nyingine nilitafsiri huku nimegeuka ukutani ili asione uso wangu.

Alifariki nyumbani, Jumanne tarehe 19 Agosti 2025, alasiri. Dayamani alikuwa amekwenda duka la dawa, nami nilikuwa nyuma ya nyumba nachuma mboga. Shaila peke yake ndiye aliyekuwa kando ya kitanda. Anasema babu yake alifungua macho, akamshika mkono kwa ule wa kushoto, akazungumza naye kwa muda mrefu, polepole, kama mtu mwenye jambo. Mara mbili alinyamaza akimsubiri. Mtoto akaogopa kumwachia mkono aje kuniita.

“Ukafanyaje, mama?” nikamwuliza.

“Nilisema ‘avunu,’ Bibi. Ndiyo. Ndilo neno ninalolijua. Kila alipoacha kusema, nikasema ndiyo.”

“Naye?”

“Akafurahi.”

Marehemu Mwalimu Bandela Krupavaram ameacha mjane, Dayamani. Mwana, Anand Paul, na mkwe, Sunita. Dada mmoja, mimi. Wanafunzi ambao yeye peke yake aliwajua wote kwa majina. Na mjukuu, Shaila, ambaye babu yake alimwomba jambo, au alimwachia jambo, naye akalikubali, na hakuna mtu duniani wa kumwambia ni lipi.

Kaka, umejibiwa ndiyo. Pumzika kwa amani.