Abiria wa Stesheni Isiyo na Treni

Ijumaa, tarehe 30 mwezi huu, mwenzetu tunayemwita Mzee Keti anastaafu baada ya miaka thelathini na minne ya utumishi. Kumi na miwili ya mwanzo alifanya kazi na treni. Iliyobaki amefanya kazi na stesheni tupu, na anayedhani hiyo ni kazi rahisi ajaribu kumngoja mgeni ambaye hajasema kama anakuja.

Alianza kama mkata tiketi, akapanda hadi kuwa msimamizi wa stesheni. Enzi hizo palikuwa hapatoshi: wapagazi, matenga ya kuku, wanafunzi na masanduku yao ya bati, na kina mama waliomwapia kwamba watoto wao wenye ndevu bado hawajafika umri wa kulipa nauli. Kisha malori yakachukua mizigo, mabasi yakachukua watu, na siku moja treni ya jioni ikaondoka bila kujua kwamba ndiyo ya mwisho. Wenzake walihamishwa. Yeye aliachiwa funguo, alinde jengo kwa muda. Muda huo ndio unaokwisha Ijumaa.

Mzee Keti ni mtu wa kanuni. Ukutani mwa chumba cha kungojea pameandikwa kwamba chumba ni cha abiria tu, na hakuna aliyewahi kuja kuyafuta maneno hayo. Jirani wa kwanza kuomba kupumzika humo, mama mmoja fundi cherehani, alikataliwa kwa upole. Akachemka, akasema basi na yeye ni abiria. Mzee akamuuliza anakwenda wapi. Kwa dada yake, akajibu.

"Haya, keti kwanza. Treni imechelewa kidogo."

Habari zikaenea, na mchana chumba kikawa kinajaa wasafiri. Kinyozi alikuwa anakwenda kuona theluji. Watoto wa shule walikuwa wanakwenda baharini huku wakimalizia hesabu zao. Mzee aliwasikiliza wote, akawaelekeza wabadilishe treni wapi, kisha akatoka kung'oa majani katikati ya reli. Mimi mwenyewe niliketi humo nilipotumwa kukagua paa. Jua linapita dirishani taratibu, watu wanazungumza kama walioamka sasa hivi. Nilijikuta nasema nakwenda kwetu, kwa mama. Paa nililikagua kesho yake.

Mwaka huu ilikuja kamati ya kuamua stesheni ifunguliwe upya au iuzwe iwe ghala la saruji. Iliwakuta watu wameketi na mikoba yao mapajani. Mwenyekiti akauliza wanangoja nini. Wakamtazama kwa huruma, kisha kinyozi akamjibu, "Treni, mkubwa. Kwani hapa ni wapi?" Tunaambiwa wazo la ghala lilipoa siku ile ile.

Mtaa ulishangilia, ila fundi cherehani hakuonekana tena. Mzee akamfuata kibandani kwake. Mama akamweleza bila kuinua uso kwamba dada yake alishafariki, kabla hata stesheni haijafungwa. Treni ya kweli ikija, atakata tiketi ya kwenda kwa nani? Mzee Keti, aliyeiota filimbi ya treni miaka yote hii, alirudi akakaa jukwaani peke yake mpaka giza likaingia. Tulidhani anaumwa.

Kamati ilipomwita kumuaga, ilimwambia aombe neno moja. Tulijua ataomba kupeperusha bendera ya kuruhusu treni siku ya uzinduzi. Bendera yenyewe tulishaitafuta. Yeye akaomba benchi moja, lile la dirishani, lisidaiwe tiketi hata treni zikirudi, na atakayelikalia asiulizwe anakwenda wapi. Huyo ndiye aliyewauliza watu miaka yote!

Mzee wetu, asante kwa uvumilivu, kwa utani, na kwa kutufundisha kumpisha mtu aketi kabla ya kumhoji. Nenda kapumzike, ulale mpaka uchoke kulala, na Mungu akupe afya na siku nyingi zenye furaha. Treni bado inajadiliwa. Benchi limepita bila kupingwa. Fundi cherehani yupo hapo tangu asubuhi, anashona pindo la suruali ya mtu, na pembeni yake ameweka mkoba ili nafasi hiyo isikaliwe mpaka wewe ufike.